Kompyuta Moja ya Mzee Isaya

Katika mkutano wa matanga ya Wambui, kwenye ukumbi wa mtaa pale Shauri Moyo, mwenyekiti wa kamati aliuliza kama kuna mtu aliyemjua marehemu kabla hajaanza kuuza nguo za watoto sokoni Gikomba. Vichwa viligeuka, nami nikasimama. Nikasema tulikuwa wachapaji pamoja kule Jericho tukiwa wasichana wa miaka ishirini na kitu, kwamba sijawahi kukaa na mtu mwenye kasi ya kuchapa kama yake, na kwamba kompyuta zilipokuja kazi yake ikaisha. Watu wakaguna kwa huruma. Mwenyekiti akasema, "Ndiyo hivyo, mashine hazimjui mtu," kisha akaendelea na mambo ya basi na jeneza. Nikaketi nikanywa soda yangu. Wiki tatu zimepita na sentensi ile bado inaninukia puani, kwa sababu niliisema kana kwamba kompyuta ilishuka kwenye basi ikatembea yenyewe hadi sokoni Jericho. Kompyuta haikujileta. Mimi ndiye niliyeichagua, kwa karatasi na rula, kwa hesabu niliyojua ni ya uongo nilipokuwa nikiiandika. Kwa hiyo mwaka ule nitausimulia ulivyokuwa, na asiyetaka kusikia basi.

Ofisi ilikuwa chumba kimoja kando ya soko la Jericho, kinyozi upande huu, kinu cha posho upande ule. Kinu kikianza kunguruma asubuhi, unga ulipenya juu ya ukuta ukatua kwenye mashine zetu mbili za taipu, na kazi yetu ya kwanza kila siku ilikuwa kupuliza vitufe na kupangusa meza kwa kitambaa kibichi. Meza ilikuwa moja, ndefu, mimi mwisho huu na Wambui mwisho ule. Nyuma yetu mwenye ofisi, Mzee Isaya, alijitengea kijichumba kwa ukuta wa plaiwudi, na humo alikuwa na kiti, kabati la chuma na kalenda ya kanisa. Alikuwa amestaafu ukarani wa reli, mtu wa shati jeupe na kalamu mbili mfukoni, mzee wa kanisa aliyesimamia sadaka na hajawahi kushukiwa hata shilingi. Alituita wasichana wake. Tulichapa barua za kuomba kazi na mitihani ya shule za jirani, lakini kilichotulisha hasa ni mazishi. Familia zilikuja Jumanne na Jumatano na wasifu wa marehemu ulioandikwa kwa kalamu kwenye karatasi za daftari, maana Alhamisi mwili ungesafirishwa kwenda Magharibi, au Ijumaa kwenda Murang'a, na programu lazima ziwe tayari kabla basi halijaondoka. Waligombana mbele yetu: nani aandikwe mke wa kwanza, mtoto yupi aachwe nje. Mimi nilikuwa nikijaribu kuwatuliza. Wambui aliwaacha wachoke, vidole vimepumzika kwenye vitufe, halafu akainua mkono, akauliza kwa sauti ya chini kabisa, "Kwa hivyo tuandike wake wawili?" Na wao, kwa aibu, wakakubali.

Saa saba mchana tulivuka barabara kwenda kwenye kibanda cha chapati. Tuliagiza sahani moja ya maharage ya madondo na chapati mbili, mmoja analipa leo, mwingine kesho, na Wambui alikuwa akija na parachichi kutoka Shauri Moyo, limefungwa kwenye gazeti. Alitembea njia yote hiyo kila asubuhi, akipita Kaloleni, Makongeni na Maringo, na alifika kabla yangu mimi niliyelala kwa shangazi hatua mia mbili kutoka sokoni. Sikumbuki kama niliwahi kulifikiria jambo hilo wakati ule. Nilifikiria cheti changu. Shangazi alikuwa amenilipia miezi mitatu ya kozi ya kompyuta mjini, na nilikuwa na karatasi yenye muhuri inayosema naiweza Windows na programu zake za kuchapia na za hesabu. Wambui hakuwa na karatasi yoyote. Cheti nilikiweka kwenye mkoba, nikatembea nacho kila siku, kwa sababu zipi sijui, hakuna aliyeniomba nikionyeshe.

Biashara ilianza kutukimbia mwaka huo huo. Ng'ambo ya soko kijana mmoja alifungua duka lenye kompyuta, akawa anachapa programu za mazishi zenye picha ya marehemu kwenye jalada. Mjane mmoja alitujia, akaona kazi yetu ya herufi tupu, akakunja karatasi zake akazirudisha kwenye mkoba. "Mume wangu alikuwa mtu wa kupiga picha," alisema, kana kwamba anatuomba msamaha. Mzee Isaya alimsindikiza mlangoni, akasimama pale kwa muda mrefu akitazama ng'ambo. Juma lililofuata alitoa pesa zake za kustaafu alizokuwa ameziweka kando, shilingi elfu sitini, na kuanzia hapo neno lililokuwa midomoni mwetu sote ni kompyuta.

Sasa nije kwenye nilichosikia. Ilikuwa alasiri, Wambui amepeleka mitihani shuleni, na mke wa Mzee, Mama Ruth, alikuwa amemletea chupa ya chai na viazi vitamu. Kinu cha posho kilikuwa kinapiga kelele kama kawaida, halafu stima ikapotea na kinu kikanyamaza ghafla, na kule nyuma ya plaiwudi wao wakaendelea kuzungumza kwa sauti ile ile ya kushindana na kinu.

"Ukinunua moja, hawa wasichana wawili watakaaje? Watapakatana?"

"Ikiwa moja, nitabaki na mmoja."

"Yupi?"

Nikasikia kijiko kikikoroga kikombe. Kikakoroga sana.

"Atakayeiweza," Mzee akasema. "Mungu anajua sipendi. Lakini nikipata mbili kwa pesa hii, wote watakaa."

Nilibaki nimeshika karatasi ya kaboni mpaka vidole vikawa vyeusi. Wambui aliporudi akaniuliza mbona nimejipaka masizi, nikacheka. Sikumwambia. Nilijiambia nitamwambia jioni, halafu kesho, halafu nikaona nimekwisha kukawia mno, na kumwambia kungekuwa kukiri kwamba nilimficha. Ndivyo mambo haya yanavyoanza, si kwa uovu mkubwa, kwa kunyamaza kidogo kwa siku moja.

Mzee alituita sote wawili, akatupa kazi ya kuzunguka mjini tuulize bei. Alikuwa na sharti moja, na sharti hilo ndilo lililoleta mambo yote. Mtaani kwetu hakuna mtu aliyekuwa amewahi kununua mfumo wa kuendesha kompyuta. Ulinunua kasha, kioo na kibodi, na Windows ukawekewa, kama vile unavyowekewa upepo kwenye gurudumu la baiskeli. Ukiuliza bei ya mfumo dukani, muuzaji alikutazama kwa huruma. Mmoja alituambia waziwazi, "Dadangu, hiyo haiuzwi, tunakutilia tu." Tulipompelekea Mzee maneno hayo, alitikisa kichwa. "Kuna mtu aliketi akaitengeneza," alisema. "Kama anataka alipwe, nitamlipa. Kama ametoa bure, nitachukua bure. Lakini sitamwibia halafu Jumapili nipitishe kapu la sadaka." Kinyozi wa jirani alisikia, akacheka mpaka akazima mashine yake ya kunyolea, na kwa siku kadhaa kila mteja aliyeketi kwenye kiti chake aliambiwa habari za mzee wa reli anayetaka kulipia kitu ambacho kila mtu anapewa bure. Mzee hakujali. Ninasema hivi ili ieleweke kwamba alikuwa mtu mwaminifu kweli, na kwamba uaminifu wake ndio nilioutumia.

Tulizunguka siku nne. Mwisho tukabaki na njia mbili. Duka moja mjini, kubwa, lenye vioo na mlinzi mlangoni, lilikuwa na kompyuta mpya kwa elfu thelathini na nane, na kwa elfu ishirini na moja juu yake wangeweka Windows na programu ya kuchapia, vyote kwa leseni, na risiti. Jumla hamsini na tisa, na pesa imekwisha. Njia ya pili ilikuwa kompyuta za mitumba, zilizotoka kwenye maofisi ya ng'ambo, imara lakini zinauzwa tupu, hazina mfumo wowote ndani. Moja elfu ishirini na saba. Ukizitia Windows ya halali, mbili hazinunuliki. Ukiacha tupu, hazifanyi kitu. Niliona jambo limekwisha, na nikasikia, Mungu anisamehe, nafuu kidogo, maana kwenye kompyuta moja nilijua ni nani mwenye cheti.

Wambui ndiye aliyefungua mlango ambao mimi nilikuwa nimekwisha kuufunga. Jumamosi baada ya kazi alinivuta hadi Shauri Moyo, kwenye chumba cha jirani yake Ndung'u, fundi wa redio. Chumba kilinuka risasi ya kuchomea waya na kabichi iliyokuwa ikichemka. Kitanda kilikuwa kimeinuliwa juu ya matofali ili redio za watu zikae chini yake, na mezani palikuwa na kompyuta kuukuu isiyo na mfuniko, matumbo yote nje. "Cheki, Bety," Wambui akasema, akaketi. Ilikuwa Linux, mfumo wa bure. Ndung'u alikuwa amesoma habari zake mahali fulani, akaandika maombi, akaletewa CD kwa posta, katika bahasha, bila kulipa senti, na ruhusa imeandikwa humo humo kwamba unaweza kuitia kwenye mashine nyingi utakavyo, na kumpa jirani. Wambui alikuwa akija pale kila jioni kwa majuma mawili. Mbele ya macho yangu alichapa programu nzima ya mazishi, akaweka picha kwenye jalada, akaizungushia mstari mweusi, akapanga nyimbo safu mbili. Mimi kule mjini nilihitaji miezi mitatu kujifunza nusu ya hayo.

"Na ikiharibika?" nikauliza. Nilitaka iharibike.

"Si mtaniita," Ndung'u akasema, akifunua sufuria. "Jericho ni hapo tu. Nitakuja, mtanipa chai."

"Kila wakati? Bila pesa?"

"Pesa ya nini? Huyu ni dada yangu. Na wewe ukiwa wake, ni wangu."

Wambui alizungusha kiti akanitazama, uso wote unacheka. "Mbili, Bety. Ishirini na saba mara mbili, hamsini na nne. Mfumo sufuri. Kila mtu na yake, na Mzee anabaki na elfu sita za kununua karatasi." Hakuwa anajua kwamba anahesabu mkate wake. Alifurahi tu, kwa ajili yetu sote. Tulikula kabichi ile na ugali wa Ndung'u, watu watatu kwenye kitanda kilichoinuliwa miguu haifiki chini, na mimi nilikuwa nikisema ndiyo, ndiyo, ni kitu kizuri. Niliona wivu. Sina neno jingine la kuupamba. Niliona kwamba tukiwa na mashine mbili, kabla mwaka haujaisha kila mtu sokoni angejua nani kati yetu ndiye mchapaji na nani ni mwenye cheti, na kwamba siku Mzee atakapolazimika kubaki na mmoja, sitakuwa mimi.

Karatasi ya kulinganisha bei niliiandika Jumapili baada ya kanisa, kwenye meza ya shangazi, yeye akisukuma chapati upande wa pili na unga ukinifikia. Mzee alikuwa ameniomba mimi niiandike kwa sababu ya cheti. Nilipiga mistari kwa rula, njia ya kwanza kushoto, njia ya pili kulia, na nilianza kwa kuandika ukweli. Hamsini na tisa. Hamsini na nne. Sufuri. Niliitazama ile sufuri kwa muda. Halafu chini yake, upande wa kulia peke yake, nikaandika: Fundi wa kuja kuangalia mfumo, shilingi elfu moja kwa mwezi, miezi kumi na miwili. Kumi na mbili elfu. Jumla sitini na sita. Upande wa kushoto wa Windows sikuweka fundi, kana kwamba hiyo haiharibiki kamwe. Nikaongeza na sentensi nzuri ya Kiswahili cha darasani, kwamba mfumo wa bure haujazoeleka na huenda ukaleta gharama zisizotarajiwa. Shangazi akaniuliza naandika nini kwa bidii hivyo. Nikamwambia mambo ya kazi. Akaniambia nitafika mbali.

Leo nina ofisi yangu mwenyewe, mtaa huo huo wa Jericho, na kompyuta tano. Zote tano zinatumia mfumo ule wa bure, na huu ni mwaka wa kumi na nne sijalipa fundi hata shilingi, wasichana walioajiriwa wanarekebisha wenyewe. Watu husema nina akili ya biashara. Mteja mmoja aliniuliza juzi nilijifunzia wapi habari za Linux nikiwa mwanamke wa umri wangu, nikamwambia nilifundishwa na rafiki. Nilishindwa kumaliza chai yangu.

Jumatatu ile Mzee alifika mapema nami nilikuwa na mteja, kwa hiyo nikamwambia Wambui ampelekee karatasi kwenye kijichumba. Aliichukua. Nilimwona kwa pembe ya jicho akisimama kidogo mlangoni pa plaiwudi, mgongo umenielekea, nikadhani Mzee bado anavua koti. Halafu akaingia, akatoka, akaketi mahali pake, akaanza kubadilisha utepe wa mashine yake ya taipu. Baadaye Mzee akaniita. Alikuwa amevaa miwani na kalamu iko kwenye mstari wa fundi.

"Bety, huyu fundi ni lazima?"

"Ni lazima, Mzee."

"Kila mwezi?"

"Mfumo huo ni mgeni. Bila fundi tutakwama siku ya mazishi ya watu."

Nilijua pa kumgusa. Mzee alishusha pumzi ndefu. "Basi bure si bure," akasema. Aliandika neno moja chini ya karatasi, Nimekubali, na tarehe, kwa mwandiko wa reli, akaniomba nifunge mlango nikitoka. Kupitia plaiwudi nilimsikia akiomba. Wambui hakuuliza lolote. Mchana kule kibandani ilikuwa zamu yake kulipa, akalipa, akala kidogo, akasema kichwa kinamuuma. Nilishukuru kwamba hakuwa amesoma.

Kompyuta ilikuja Ijumaa. Jumatatu iliyofuata Mzee alimwita Wambui, na safari hii kinu kilikuwa kinanguruma kwa hiyo sikusikia kitu. Alimpa mshahara wa mwezi mzima ambao hakuwa ameufanyia kazi, na akaahidi barua ya kumsifia. Barua hiyo niliichapa mimi. Ilikuwa kazi ya kwanza kuchapwa kwenye mashine ile, herufi zikatoka safi, pembeni sawasawa: mchapakazi, mwaminifu, anaachishwa kwa sababu zisizohusu utendaji wake. Mzee aliniambia niongeze kwamba amesikitika sana, nikaongeza. Nilimpelekea mwenyewe pale mwisho wa meza, ambako alikuwa akiifunika taipu yake kwa kile kifuniko cha plastiki kana kwamba atarudi kesho. Aliisoma yote, akaikunja mara nne, akaitia kwenye mkoba.

"Umeichapa vizuri," akasema. "Haya. Mungu akubariki, Bety."

Ningependa kusema nililia. Nilisogeza kiti changu katikati ya meza.

Mambo yangeishia hapo yangekuwa mabaya kiasi. Lakini baada ya majuma kama sita, asubuhi moja nilipoiwasha kompyuta, maneno yakatokea kwenye kioo kwamba nakala hii ya Windows haikuwa ya halali. Niliyasoma mara tatu. Duka lile la vioo na mlinzi lilikuwa limechukua elfu ishirini na moja za Mzee, likampa risiti, halafu likamtilia nakala ya wizi kama ambavyo wangemtilia bure. Mtu mmoja Jericho nzima aliyetaka kulipa, na yeye ndiye aliyeuziwa ya kuibwa. Risiti ilikuwa kwenye kabati la chuma, nimeiweka mimi. Nilijua vizuri nini kingetokea nikimwita aje aone. Mzee Isaya angevaa koti lake, angepanda kwenda mjini na risiti ile, na hangetoka kwenye lile duka bila pesa yake hata kama angelala mlangoni. Elfu ishirini na moja zingerudi, karibu zitoshe kununua kasha la mtumba, na Wambui angeitwa kesho yake. Kilichotakiwa kwangu ni kusema, "Mzee, njoo uone."

Nikajikausha. Nikawa nafika ofisini kabla yake, niiwashe, niyafunge yale maneno kabla hajaingia. Nilifanya hivyo mwezi mzima. Akiwahi kuliko kawaida, kioo nilikizima nikisema stima inasumbua. Mwishowe nikamtafuta mtu wa kompyuta mjini anayejua kuyaondoa maneno hayo, nikamlipa kwa pesa yangu, nikakaa bila chakula cha mchana majuma mawili. Mzee hakujua mpaka anaingia kaburini. Aliwaambia watu kanisani kwamba kompyuta yake ndiyo ya pekee mtaani iliyolipiwa kila kitu, na mimi nilikuwa nikiketi kiti cha nyuma, nikiitikia kwa kichwa.

Desemba alinipa bahasha ya Krismasi. Nilitoa nusu nikaitia kwenye bahasha nyingine, nikashuka hadi Gikomba, kwa sababu nilikuwa nimesikia Wambui ameanza kuuza huko. Nilimtafuta saa nzima kati ya marundo. Nilimpata amesimama juu ya kreti, ameshika fulana ndogo kwa mikono miwili, anaitangaza bei kwa sauti ambayo sikuwahi kujua anayo. Aliponiona akashuka.

"Niaje, Bety. Umekuja kununua ama kuniona?"

"Kukuona." Nikampa bahasha.

Aliishika, akaipima kwa vidole bila kuifungua. "Hii ni ya nini?"

"Ya Krismasi."

"Mzee ndiye amenitumia?"

"Ni mimi."

Alinitazama, si kwa hasira. Hasira ningejua la kuifanyia. Aliufungua mkoba wangu uliokuwa begani kwangu, akaitumbukiza bahasha ndani, akavuta zipu mpaka mwisho.

"Ile karatasi niliisoma," akasema. "Pale mlangoni. Nilipoona elfu moja ya fundi nikasema, ah, Bety amekosea, wacha nimrudishie arekebishe kabla Mzee hajaiona. Karibu nigeuke. Halafu nikakumbuka ulikuwa umekaa kwa kitanda cha Ndung'u akisema ni chai tu. Nikaona hukukosea."

Nilifungua mdomo. Akainua mkono, kama alivyokuwa akifanya kwa familia za wafu.

"Ningeweza kumwambia Mzee. Angenunua mbili. Lakini ningekaa na wewe kwa meza moja kila siku nikijua. Sikuweza, Bety. Ndiyo maana nilinyamaza. Usije ukaishi ukidhani ulinishinda ujanja."

Mama mmoja mwenye mtoto mgongoni alikuwa amefika, anapekua rundo. Wambui akapanda tena juu ya kreti, akamwinamia, akamwuliza mtoto ana miezi mingapi.